Chuo cha Upepo na Mashua za Jirani

Mwaka jana, katika darasa la kipaimara, binti wa marehemu mdogo wangu alikuja na kitabu cha Kiingereza chenye jalada lililochakaa. Mwenzake alikiona, akamwambia mama yake, na kabla ya Jumapili kufika habari ilikuwa imeenea usharika mzima: mtoto anasoma kitabu cha uchawi, tena anakileta kanisani. Mchungaji aliniita, kwa kuwa mimi ni mzee wa kanisa, mwalimu mstaafu, na tena baba mkubwa wa mtoto huyo. Akaniomba nikisome, kisha nimweleze kama kina madhara.

Nilikisoma kwa wiki tatu, kamusi ikiwa pembeni. Nilitarajia kupata sababu ya kukikataza. Nilichokuta humo ni swali nililokuwa nimelikimbia kwa miaka minne, nalo ndilo ninalotaka tulitafakari pamoja: Je, kuna tofauti gani kati ya mtu anayemwomba Mungu na mtu anayetaka kumtumia Mungu?

Kitabu hicho kinaitwa A Wizard of Earthsea. Kilichapishwa mwaka 1968, na mwandishi wake ni Ursula K. Le Guin, mwanamke wa Marekani aliyezaliwa mwaka 1929 na kufariki mwaka 2018. Hakuwa Mkristo. Alivutiwa sana na mafundisho ya kale ya Wachina yaitwayo Tao, na katika uzee wake alichapisha tafsiri yake mwenyewe ya kitabu kikuu cha mafundisho hayo. Nayasema haya mapema ili msomaji asidhani kwamba nakiweka kitabu hicho karibu na Biblia. Ni hadithi ya kubuni. Lakini Bwana wetu alifundisha kwa hadithi za mtu aliyepanda mbegu na mtu aliyepoteza kondoo, na mtu mwenye masikio anaweza kujifunza hata kwa hadithi ya mtu wa mbali.

Nchi ya hadithi hiyo ni bahari yenye visiwa vingi. Katikati kipo kisiwa kiitwacho Roke, na juu yake kipo chuo. Vijana hutoka visiwa vyote kwenda kusoma huko chini ya walimu tisa. Mmoja wa walimu hao kazi yake ni upepo na hali ya hewa. Yeye huwafundisha wanafunzi, wakiwa ndani ya mashua, kuuita upepo ujaze tanga na kuutuliza ukizidi. Katika nchi ya visiwa elimu hiyo ni mali kubwa. Wenye vyombo huwalipa watu wa namna hiyo wasafiri nao, ili wasikwame katika shwari wala wasizame katika tufani. Hata kisiwa chenyewe kinalindwa na upepo, ambao humzuia asiyetakiwa asifike. Na anayetaka kuingia chuoni humkuta mlangoni mwalimu mmoja, ambaye hamruhusu kupita mpaka amtajie jina lake la kweli.

Nilipofika hapo nilielewa kwa nini mtoto wetu alikipenda kitabu kile. Baba yake alikufa baharini.

Nitaeleza kwa ufupi, kwa maana wengi wenu mnakumbuka. Ulikuwa mwezi wa Julai, wakati wa upepo wa kusi. Mashua mbili za usharika wetu zilitoka asubuhi kwenda kuvua. Mchana upepo uliongezeka, bahari ikachafuka, na jua lilipozama hakuna iliyokuwa imerudi. Kengele ililia, tukakusanyika kanisani, tukaomba usiku kucha. Alfajiri mashua moja ilionekana, tanga limechanika, watu wote wazima. Nyingine, aliyokuwamo mdogo wangu, haikuonekana tena.

Jumapili iliyofuata waliorudi walitoa sadaka ya shukrani, nasi tukaimba nao. Walikuwa na haki ya kushukuru. Lakini shemeji yangu alikuwa amekaa nyumbani kwenye mkeka, na siku ya tatu ya matanga aliniuliza, mbele ya watu, "Shemeji, tuliomba kanisa moja, usiku mmoja, kwa sala moja. Kwa nini wao na sisi hapana?"

Mimi ni mzee wa kanisa. Nilidhani ni lazima niwe na jibu. Nikamwambia, "Pengine imani yetu ilipungua."

Hakusema neno. Alijifunika kanga, na kwa miezi mingi hakufika ibadani.

Basi, mtoto aliponiona nimekishika kile kitabu chake, aliniuliza, "Baba mkubwa, yule mwalimu wa upepo angekuwepo kwetu, baba si angerudi? Mbona kanisani kwetu hakuna mtu kama yeye?" Ni swali la mtoto, lakini ndugu zangu, tulifikirie vizuri. Je, si ndilo tunalouliza sisi wakubwa tunapotafuta mtu mwenye upako zaidi, au mafuta yenye nguvu zaidi, au maneno ambayo tukiyatamka sawasawa Mungu hatakuwa na budi kutenda?

Katika hadithi ile uchawi una kanuni. Kila kitu kina jina lake la kweli, na anayelijua jina hilo ana nguvu juu ya kitu hicho. Ukikosea neno, hakitii. Kwa hiyo mambo yakiharibika, kosa ni la msemaji: hakujua, au hakutamka vema. Sasa tazama jibu nililompa shemeji yangu. Nilimwambia kwamba sala ni kama kanuni hiyo: ukiweka imani ya kipimo fulani, upepo hutulia; usipotulia, kipimo chako kilikuwa kidogo. Nikiwa nimevaa shati langu la mzee wa kanisa, nilimwandikisha mjane katika chuo cha uchawi, kisha nikamwambia kwamba amefeli mtihani.

Maandiko yanatuonya juu ya jambo hili. Katika Matendo 19 tunasoma habari za wana saba wa Skewa, huko Efeso, waliochukua jina la Yesu wakalitumia juu ya mtu mwenye pepo kama mtu anavyotumia ufunguo. Hawakumjua mwenye jina. Walitaka kazi ya jina tu. Walitoka katika nyumba ile uchi na wenye majeraha. Jina la Bwana tumepewa ili tumwite, kama mtoto anavyomwita baba yake. Mtoto akiita, baba anasikia. Lakini wito wa mtoto haumfungi baba kamba mikononi.

Kuna jambo la pili ambalo hadithi ile ilinifundisha. Kijana mkuu wa hadithi, kabla ya kwenda chuoni, alikaa kwa mwalimu mmoja mzee mlimani. Mzee huyo alikuwa na sifa ya kutuliza tetemeko la ardhi. Lakini mvua ilipowakuta njiani hakuifukuza. Alitafuta mti, akalala chini yake. Kijana alilowa, akanung'unika moyoni: nguvu hizi zina faida gani ikiwa mwenye nazo hazitumii? Baadaye, chuoni, walimu wake walimfundisha sababu. Mvua unayoiita kwako unaiondoa kwa mwingine, na shwari ya upande huu inaweza kuwa dhoruba ya upande ule.

Sisi watu wa pwani hatuhitaji kwenda Roke kulijua hilo. Tangu zamani majahazi yalikuja kwetu kutoka Bara Arabu na Bara Hindi kwa upepo wa kaskazi, na yakarudi kwao kwa upepo wa kusi. Nahodha wa jahazi aliungoja upepo wa kusi kwa hamu, wakati mvuvi wa ngalawa aliuogopa. Kama kila mmoja angepewa kamba ya kuuvuta upepo aupendao, nani angebaki salama? Hata katika usharika wetu, kwenye benchi moja hukaa mwenye shamba la chumvi, anayeomba jua liendelee, na mwenye shamba la mahindi, anayeomba mvua. Wote ni washarika wema, na wote husema Amina kwa sauti.

Je, basi tusiombe juu ya upepo na mvua? Hapana, tuombe. Yakobo anatukumbusha kwamba Eliya aliomba na mvua ikazuiliwa miaka mitatu na miezi sita. Lakini soma 1 Wafalme 17 uone kijito cha Kerithi. Eliya alikunywa maji ya kijito hicho, nacho kikakauka kwa sababu mvua haikunyesha. Nabii aliyeomba ukame alipata kiu pamoja na watu wake. Hakusimama nje ya sala yake. Anayeomba kwa kweli hujitia ndani ya jambo analoliomba. Mchawi hutaka mambo yabadilike yeye akiwa amekaa pembeni.

Na hapa nafika mahali ambapo sikutaka kufika.

Asubuhi ya siku ile ya Julai nilikuwa nyumbani nikinywa chai, redio ikiwa wazi. Nilisikia tahadhari ya upepo mkali na mawimbi makubwa kwa ukanda wetu wa pwani. Kutoka nyumbani kwangu hadi dikoni ni mwendo wa dakika kumi. Nilijiambia kwamba wavuvi wanaijua bahari kuliko redio, na kwamba mdogo wangu hapendi kufundishwa kazi yake. Nikamaliza chai yangu. Sikwenda.

Usiku nililia kuliko wote kanisani. Nilimwomba Mungu auamuru upepo. Asubuhi nilikuwa na uwezo mdogo sana, wa miguu miwili na mdomo mmoja, na sikuutumia. Usiku nilitaka uwezo mkubwa ambao sikupewa. Na siku ya matanga, ili nisiutazame uzembe wangu, nilimtwika mjane mzigo wa imani pungufu.

Kijana wa hadithi ile naye alifanya jambo la aibu. Kwa majivuno, akitaka kumshinda mwanafunzi mwenzake, aliita roho ya mfu usiku, na katika ufa alioufungua kikatoka kivuli kibaya. Mkuu wa chuo alitoa maisha yake kuuziba ufa ule. Kijana alibaki na makovu usoni, akakikimbia kivuli kutoka kisiwa hadi kisiwa, mpaka yule mwalimu wake wa zamani alipomshauri ageuke akifuate. Alipokikabili mwishoni, alikiita kwa jina, na jina hilo lilikuwa lake mwenyewe. Niliposoma ukurasa huo nilifunga kitabu, nikatoka nje. Nilikijua kivuli changu, na nilijua jina lake.

Siku iliyofuata nilikwenda kwa shemeji yangu. Nilimwambia habari ya redio na ya chai. Nilimwambia kwamba neno lile la matanga halikutoka kwa Mungu. Lilitoka kwangu, na lilikuwa uongo. Alinyamaza muda mrefu. Kisha akasema, "Shemeji, sijui kama angekusikiliza. Lakini ungekuja." Sitaki kuongeza neno juu ya hilo. Msamaha wake ulikuja baadaye, polepole, na ninauona kuwa neema ya Mungu.

Watu waliousoma upepo kwa kweli hapa duniani hawakujifunza kuuamuru. Katika karne ya 19 alikuwapo ofisa wa jeshi la majini la Uingereza aitwaye Robert FitzRoy, Mkristo aliyeishika sana Biblia, ambaye awali alikuwa nahodha wa meli ya Beagle iliyombeba Charles Darwin. Mwaka 1854 alipewa kuongoza ofisi mpya ya kukusanya habari za hali ya hewa. Oktoba 1859 meli iitwayo Royal Charter ilivunjwa na dhoruba kwenye pwani ya Anglesey, huko Wales, na zaidi ya watu 400 wakafa. FitzRoy aliona kwamba habari ya dhoruba inaweza kutumwa kwa telegrafu na kuitangulia dhoruba yenyewe. Mwaka 1861 alianza kupeleka tahadhari bandarini, ambako alama zilipandishwa juu ya mlingoti ili mabaharia wazione. Mara nyingine alikosea, na walikuwapo waliomcheka. Lakini kazi yake iliendelea, na tahadhari niliyoisikia mimi redioni ni mjukuu wa kazi hiyo. Hakuutuliza upepo hata mara moja. Alimwambia jirani yake kwamba unakuja. Huo nao ni upendo wa jirani, na haukuhitaji nguvu za ajabu.

Sasa nirudi kwa swali la mtoto, maana nilimwahidi jibu. Tulikaa chini ya mwembe, tukasoma pamoja sehemu ya kitabu ambayo alikuwa hajaifikia. Kijana yule, akiwa amehitimu, alipelekwa kuwahudumia wavuvi wa visiwa vidogo. Akafanya urafiki na mtengeneza mashua, na mtoto mdogo wa rafiki huyo akashikwa na homa kali. Kijana alijaribu kwa nguvu zake zote, akaifuata roho ya mtoto mpaka karibu afe yeye mwenyewe. Mtoto alikufa. Binti yetu alisoma, akanyamaza, kisha akasema, "Kumbe hata yeye hakuweza."

Ndipo tukafungua Marko 4. Wanafunzi wamo chomboni, tufani inapiga, Yesu amelala. Wanamwamsha kwa lawama: je, hujali kwamba tunaangamia? Nilimwonyesha kwamba swali lake ni la zamani, na limeulizwa na watu waliokuwa chombo kimoja na Bwana. Naye aliwaokoa kwanza, ndipo akawauliza habari za imani yao. Sisi hutanguliza lawama, tena mara nyingine kwa mtu ambaye hakuokolewa.

Kisha nilimwonyesha neno dogo katika mstari wa 36, ambalo nimelisoma miaka yote bila kulisimamia. Marko anasema kwamba vilikuwapo na vyombo vingine. Hatuambiwi vilikuwa vya nani. Lakini bahari ilipotulia, haikutulia chini ya chombo cha Petro peke yake. Hata wale wa vyombo vingine, ambao hawakumwamsha wala hawakujua nani amesema neno, walipata shwari ile ile. Nguvu ya Kristo haikumwibia mtu upepo wake. Nguvu ya namna hiyo haifundishwi katika chuo chochote, kwa sababu inatoka katika pendo linalowaona na wa mashua nyingine.

"Mbona basi haikufika kwa baba?" aliniuliza. Nilimwambia ukweli: sijui. Nilimwambia habari ya Paulo katika Matendo 27. Siku kumi na nne upepo haukutulia, meli ikavunjika, na watu wote 276 wakafika nchi kavu Malta. Yeye akasema, "Wao walifika." Nikasema, "Ndiyo. Baba yako hakufika Malta." Kisha nikamwambia kwamba yeye aliyeukemea upepo ziwani aliomba katika bustani ya Gethsemane kikombe kimwondokee, wala hakikuondoka. Hakuna awezaye kusema kwamba imani ya Yesu ilipungua. Kwa hiyo mtu asikwambie tena neno hilo juu ya baba yako, hata mzee wa kanisa. Na Yesu aliyekunywa kikombe kile ameshuka mahali palipo chini kuliko bahari yoyote. Baba yako hakuzama mahali ambapo Bwana hajafika.

Nilimweleza mchungaji kwamba kitabu kile hakina madhara kwa mtoto aliye na mtu wa kuzungumza naye. Tena nikamwomba jambo moja, naye akakubali. Tangu Januari, kila Jumapili katika matangazo, baada ya ndoa na vikao vya kwaya, husomwa utabiri wa upepo na bahari wa wiki. Na siku yoyote inapotolewa tahadhari, wazee wawili wa zamu hushuka dikoni kabla ya alfajiri na kumwambia kila mvuvi, awe wa usharika wetu au wa msikiti wa jirani. Wengine hutucheka. Wengine hutweka tanga na kwenda zao, maana njaa nyumbani haisomi utabiri. Lakini tumekwenda.

Bado tunaomba usiku upepo unapochafuka. Tunaomba kwa jina la Yesu, tukijua kwamba alimwambia Nikodemo kuwa upepo huvuma upendako. Tunapoomba huwa nawakumbusha wenzangu kuzitaja na mashua tusizozijua. Zamu yangu ya kushuka dikoni ni Alhamisi.